Maumivu ya Kuanguka: Yamezimwa

Mvua ilianza kabla ya kifungua kinywa, na mafundi wa paa wa kampuni ya Pruitt hawakupanda juu, kwa sababu hakuna anayepigilia vigae vya lami kwenye mbao zilizolowa. Walibeba kompyuta zao chini ya makoti wakaenda kwa Orrin Tveit, kama walivyofanya siku zote za mvua. Walivua viatu mlangoni, wakashuka hadi chumba cha chini ya nyumba, na kila mmoja akakaa pale alipozoea: Rubén Arce kwenye kochi, Dale Maki juu ya mashine ya kufulia, na binamu wawili wa ukoo wa Vang sakafuni, migongo ukutani. Kahawa ilikuwa tayari. Kulikuwa pia na nyama ya kulungu iliyokaushwa, ambayo Maki huileta kila mara na kuimaliza mwenyewe.

Kitandani, chini ya dirisha dogo, alilala Nels, mdogo wake Orrin. Majira ya machipuko alikuwa ameanguka kutoka juu ya kiwanda cha siagi, siku ambayo mikanda ya usalama ilikuwa kwenye lori jingine, na tangu hapo miguu yake ilikataa kumbeba. Daktari alisema upasuaji ungeweza kumsimamisha. Bima ilisema haina kinyongo na upasuaji, ila kwanza hakimu aseme mgongo ulivunjikia kazini. Bwana Pruitt, mwenye kampuni, alisema hakuwepo wakati Nels anafika chini, kwa hiyo hawezi kushuhudia kitu ambacho hakukiona.

Gemu yao iliitwa Ngome Mbili. Timu ya bluu na timu ya nyekundu hupigana risasi kugombea ngome, na watu wengi ulimwenguni huicheza vile ilivyotengenezwa. Orrin hakuwahi kuicheza vile ilivyotengenezwa. Alifungua ukumbi wake wa faragha, akawaweka wenzake timu ya bluu, akaijaza timu nyekundu roboti za kompyuta, kisha akatunga sheria zake mwenyewe. Alikuwa ametunga mtindo ambao ndani yake risasi ziliponya. Alikuwa ametunga mwingine ambao mtu mmoja alikuwa mkubwa kama mnara na wengine wote wadogo kama sisimizi. Kwake hiyo ilikuwa kazi ya ufundi, sawa na kupanga vigae: ukikosea mstari wa kwanza, paa zima linakwenda upande. Juu ya jina lake, kwenye kioo cha kompyuta, kulikuwa na taji dogo la dhahabu, alama ya mwenyeji. Hakulitaja kamwe, lakini alipendelea kioo kielekee mahali ambapo wengine wangeliona.

Mtindo wa siku hiyo ulikuwa mji mzima wa mapaa. Watu walikimbia juu ya mabati, wakaruka vichochoro, na wengi wakakosea. Aliyekosea alianguka, na gemu ikatoa sauti ya mfupa ukivunjika. Sauti hiyo ilikuwa imetengenezwa kwa ustadi. Kila iliposikika, Nels alifumba macho.

Orrin aliliona hilo mara mbili. Ya tatu alisimamisha mchezo, akafungua sheria za timu ya bluu, akapita mvutano wa ardhi, akapita muda wa kufufuka, akafika kwenye maumivu ya kuanguka. Aliuburuta mshale kutoka mia hadi sifuri. Hakuna aliyeuliza kwa nini. Nels mwenyewe hakuwa kwenye timu. Mikono yake ilikuwa ikifa ganzi, basi jina lake lilikaa benchi la watazamaji, na sheria za timu haziwafikii walio benchi.

Walicheza mpaka mvua ilipokatika. Walipoondoka, Orrin alizima kioo lakini hakuufunga ukumbi. Ngome Mbili ina ubaya huo, kwamba ukumbi ukifungwa inasahau kila ulichokipanga, na kukipanga upya ni kazi ya asubuhi nzima. Kwa hiyo watunga mitindo wote huziacha kumbi zao wazi. Ni tabia mbaya na wanajua.

Kesho yake walikuwa juu ya kanisa la Walutheri. Rubén alirudi nyuma hatua moja ili aone kama mstari umenyooka, na hatua hiyo haikuwa na paa chini yake. Alipita dirisha la kioo cha rangi, akapita ubao wa matangazo, akatua kifudifudi kwenye lami kando ya gari la mchungaji. Kisha akasimama, akaokota kofia yake.

"Nani amehamisha ukingo?" aliuliza.

"Ukingo uko palepale tangu nyanya yangu abatizwe," Maki alimjibu kutoka juu. "Ukipanda njoo na misumari."

Rubén akapanda na misumari. Orrin, aliyekuwa kwenye bomba la moshi, alielewa papo hapo. Hakushangaa. Alijilaumu kidogo tu, kama mtu anayekumbuka kwamba ameondoka nyumbani na taa inawaka. Saa ya chakula alikwenda kwake, akawasha kioo, akakuta majina matano ya timu ya bluu yanang'aa na maumivu ya kuanguka yako sifuri. Nels alimuuliza kuna nini, naye akamweleza. Nels aliuliza kama kwenye sheria hizo kuna mahali pa migongo.

"Ni za walio mchezoni," Orrin alisema. "Na ni kwa anguko litakalokuja. Lililokwisha pita haliguswi."

Nels alisema ni sawa, akaomba mkate wake ukatwe nusu.

Mafundi waliizoea hali hiyo upesi kuliko walivyozoea msumari mpya. Aliyesahau nyundo aliruka kuifuata. Binamu mmoja wa kina Vang alishuka na dirisha zima mikononi, na dirisha ndilo pekee lililovunjika, akakatwa mshahara. Mchungaji alikuja kuwaomba, kwa adabu, wasianguke wakati wa mazishi, kwa sababu kishindo kinawatoa waombolezaji kwenye zaburi. Walikubali. Siku ya maziko ya Bi Halvorson walisubiri juu, kofia mikononi, hadi jeneza lilipoingia garini, ndipo wakashuka mmoja mmoja nyuma ya jengo.

Pruitt hakuwa mtu mbaya. Kila sikukuu ya Shukrani aliwapa wafanyakazi wake bata mzinga, na aliyekuwa na familia kubwa alipewa mwenye mapaja manene. Aliliegesha lori lake ng'ambo ya barabara, akawatazama wakianguka asubuhi nzima huku akinywa kahawa, na kufikia mchana alikuwa amekusanya mikanda yote ya usalama akaipeleka mnadani. Wiki iliyofuata zilikwenda ngazi. Alibakiza moja. Hiyo ilizunguka na lori kutoka paa hadi paa, ikawapandisha mafundi, kisha ikaondoka kwenda kuwapandisha wengine. Ya kushukia hakuona haja yake.

Alitengeneza pia tangazo. Lilimwonyesha Rubén akidondoka polepole, kwa muziki wa kinanda, na maneno chini yake yalisema kwamba kwa Pruitt hata kuanguka ni kazi safi. Watu wa mji wao wa Ashby Lake walilipenda. Simu za wateja ziliongezeka.

Mvua iliyofuata Pruitt mwenyewe alishuka hadi chumba cha chini akiwa na sanduku la donati. Alisema naye hupanda mapaa kukagua, na si haki bosi aumie peke yake. Orrin alimfungulia nafasi timu ya bluu. Pruitt aliomba jina lake lisikae chini kabisa kama la kibarua, basi Orrin akaliburuta hadi chini kidogo ya lake. Lilikuwa jambo la heshima tu. Pruitt alicheza kwa kujificha nyuma ya pipa, raundi baada ya raundi, na kila roboti ikimkosa alicheka kwa furaha ya kweli. Kabla ya kuondoka alimpa Nels donati yenye jamu.

Kisha shauri la Nels likafika kwa Hakimu Fenske.

Orrin alimsukuma mdogo wake kwenye kiti cha magurudumu hadi jengo la wilaya, wote wawili wamevaa mashati ya kanisani. Kampuni ilikuja na wakili, Bi Marlys Oberg, mwanamke mpole aliyewauliza hali zao, akamsogezea Nels meza ili magoti yapite. Halafu akaomba ruhusa ya kuonyesha picha. Zilikuwa zilezile za tangazo, ila bila kinanda, na zilikuwa nyingi zaidi. Rubén alianguka. Maki alianguka akiwa anatafuna. Kina Vang walianguka wakizungumza. Bwana Pruitt alianguka na karatasi ya makadirio mkononi, akaendelea kuisoma.

Bi Oberg alisema hana hoja ndefu. Mahakama imeona wanaume wakianguka kutoka mapaa ya kampuni hii kwa namna zote anguko linavyowezekana. Wote wamesimama. Kwa hiyo kuanguka kutoka paa la Pruitt hakumuumizi mtu. Kwa hiyo, kilichomuumiza Bwana Tveit ni kitu kingine, na kampuni inamtakia heri katika kukitafuta.

Orrin alisimama. Alisema zamani kuanguka kulikuwa kunauma.

"Zamani lini?" hakimu aliuliza.

"Machipuko, mheshimiwa. Kabla sijayazima maumivu."

Hakimu aliandika. Alikuwa na mjukuu anayecheza Ngome Mbili, na jambo la sheria za timu alilifahamu vizuri; hata aliuliza kama Orrin alikuwa amegusa mvutano wa ardhi, akaridhika alipoambiwa hapana. Lakini mahakama, alisema, haiwezi kuamua kwa anguko la kusimuliwa. Angalau mtu mmoja aonekane ameanguka kutoka paa la kampuni, kazini, mchana, mbele ya macho ya mahakama, akaumia. Akiumia mmoja, hoja ya Bi Oberg imetoboka, na mgongo wa Nels utatibiwa. Aliwapa muda, akaagiza mahakama ikutane kanisani, ambako upande wa kaskazini wa paa ulikuwa bado.

Orrin aliisubiri mvua, ikaja. Wenzake walipokaa, aliwaambia anataka kurudisha maumivu kwa siku moja. Pruitt hakuwepo, alikuwa mjini akinunua lori la pili. 

Maki aliuliza siku hiyo watashukaje, kwa sala? Ngazi inaondoka saa mbili. Mkubwa wa kina Vang alisema, bila ukali, kwamba yeye ameshazoea kutotazama anapokanyaga, na mguu ukishazoea hauambiliki. Rubén ndiye aliyesema lililokuwa vinywani mwa wote.

"Mimi nampenda Nels, kaka. Unajua. Lakini nina mtoto anazaliwa Oktoba. Unataka uti wa mgongo wangu uuweke mezani pa hakimu?"

"Siku moja tu, Rubén."

"Hata kuvunjika huchukua siku moja tu."

Nels alikuwa amefumba macho, ingawa hakuna aliyekuwa anaanguka. Alisema wamwache Rubén. Alisema hata kulala si kubaya sana, mtu anajua ndege wa dirishani mmoja mmoja. Hilo liliwafanya wote watazame chini, na Maki akaisukuma sahani ya nyama hadi kitandani, jambo ambalo hajawahi kulifanya.

Orrin aliketi mbele ya kioo. Alikuwa na kiburi cha mafundi, cha kuamini kwamba kila tatizo ni mpangilio ambao bado hujaugusa, na aliutafuta mpangilio huo mpaka akaupata. Hakugusa maumivu ya kuanguka. Aliyaacha sifuri, ili Rubén na Maki na kina Vang wabaki salama kama walivyokuwa. Alilishika jina lake mwenyewe, akalitoa timu ya bluu, akaliburuta hadi benchi la watazamaji, akalituliza kando ya jina la Nels. Hakimu alikuwa amesema mmoja anatosha.

"Rudi kwenye timu," Nels alisema.

"Nikishaumia nitarudi."

"Orrin. Mimi nimeshaanguka anguko hilo. Halina kitu ndani."

Orrin alisema atachagua upande wenye nyasi.

Lakini kuna jambo ambalo alikuwa amewafundisha watu wengi, na mwenyewe hakuwahi kulihitaji, kwa sababu katika maisha yake yote ya gemu hakuwahi kukaa benchi hata raundi moja. Mwenyeji akihamia kwa watazamaji, taji halimfuati. Linakwenda kwa jina linalofuata chini yake. Aliliona taji likipepesa, likashuka, likatua juu ya jina la Pruitt. Alikaa akilitazama. Kisha akasema si neno, atamwomba bosi amrudishie wakishamaliza, akawakaribisha wenzake kahawa.

Siku ya mahakama jua lilikuwa zuri. Wanawake wa kanisa walipanga viti kwenye nyasi, wakaleta vipande vya keki ya limau na kahawa nyepesi, na Hakimu Fenske alikaa mbele, mwavuli wa jua juu yake. Nels aliwekwa kivulini. Pruitt alimpungia kila mtu mkono. Ngazi iliwapandisha mafundi, ikafungwa kwenye lori, ikaondoka.

Kwa ajili ya ulinganisho Bi Oberg aliomba aanze mtu mwingine. Rubén akaanguka, akasimama, akajifuta nyasi magotini. Hakimu akaandika. Maki akaanguka. Kina Vang wakaanguka kwa pamoja ili kuokoa muda. Mama mmoja wa kanisa aliwapa keki walivyokuwa wanainuka.

Orrin alisimama ukingoni. Kutoka pale aliliona ziwa, na paa la kiwanda cha siagi, na utosi wa mdogo wake. Upande wa nyasi ulikuwa umejaa viti. Akageukia upande wa lami, akakanyaga hewa.

Sauti haikuwa na ustadi kama ile ya kwenye gemu. Ilisikika mpaka jikoni. Paja lilikuwa limekunjika mahali ambapo paja halina kiungo, na Orrin aliulaza uso wake kwenye lami yenye joto, akangoja mahakama iseme imeona.

"Mahakama imeona," alisema Hakimu Fenske, na aliona huruma. Aliagiza wamwekee mwavuli wake.

Wakati gari la wagonjwa likisubiriwa, Bi Oberg alichuchumaa kando ya Orrin, akamuuliza kama anaweza kujibu maswali mawili. Orrin alisema anaweza.

"Jina lako la ukoo, kwa kumbukumbu ya mahakama?"

"Tveit."

"Na la yule bwana aliye kivulini?"

"Tveit. Ni mdogo wangu. Unatujua, mama."

Bi Oberg alimshukuru, akasimama, akamgeukia hakimu. Alisema kampuni inakiri kwamba ilikosea na inaomba radhi. Iliposema kuanguka hakumuumizi mtu, haikuwa na habari kamili. Sasa ni wazi kwamba kuanguka kunawaumiza kina Tveit. Wafanyakazi wa kila ukoo wameanguka leo, Arce, Maki, Vang, kutoka paa moja, asubuhi moja, nao wanakula keki. Amevunjika Tveit, kama alivyovunjika Tveit wa kwanza. Huu ni udhaifu wa mifupa ya familia, wamezaliwa nao, na kampuni haiwezi kubeba walichozaliwa nacho watu kabla haijawaajiri.

Orrin aliinua kichwa. Alieleza kila kitu kutoka pale lamini, kwa mpangilio mzuri, kuhusu timu na benchi, kwamba alijitoa mwenyewe ili wenzake wasiumie, na kwamba laiti angekuwa na moyo wa jiwe angewaacha wote wavunjike, na leo mdogo wake angekuwa njiani kwenda kupasuliwa.

Hakimu alimsikiliza mpaka mwisho. "Unaiambia mahakama ulijipanga uumie?"

"Ndiyo, mheshimiwa."

"Kwa hiari yako."

"Ndiyo."

"Basi hiyo si ajali ya kazini," alisema kwa masikitiko. "Siwezi kuihesabu hata kidogo. Na nikiihesabu, Bi Oberg yuko sahihi." Alikunja mwavuli, akakumbuka ulikuwa unamkinga nani, akaufungua tena. Mgongo wa Nels Tveit uliamuliwa kuwa jambo la kifamilia. Gari la wagonjwa lilifika likiwa na nafasi ya mmoja.

Orrin aliporudi nyumbani, kitanda cha pili kilikuwa kimewekwa chini ya dirisha dogo, na mguu wake ukafungwa juu kwa kamba na kapi. Siku ya mvua wenzake walikuja. Wote walimshika bega. Rubén alikaa kitandani, akamwachia pakiti ya sigara, ingawa Orrin havuti. Kisha wakavua makoti, kila mmoja akaenda mahali pake, na Pruitt akaketi kwenye kiti cha Orrin, kwa sababu ndicho kilichoelekea kioo chenye taji.

Orrin aliomba taji. Pruitt alisema angefurahi sana, ila timu imejaa: kuna kijana mpya kutoka Bemidji amechukua nafasi, na mtu aliye benchi gemu haimruhusu kuwa mwenyeji, Orrin mwenyewe analijua hilo kuliko yeyote. Hata kuizima kompyuta hakungesaidia kitu; ukumbi ulikuwa unaishi kwenye mitambo ya gemu, mbali huko, na kama ungefungwa, maumivu yangewarudia watu watano wanaofanya kazi juu ya paa bila ngazi.

Pruitt alikuwa mwenyeji mwenye bidii, lakini mkono wa ufundi hakuwa nao. Aliongeza kasi ya timu ya bluu, na kesho yake mapaa matatu yalikwisha badala ya mawili, na Maki akalalamika magoti. Sasa alitaka kuondoa mapumziko kati ya raundi. Alisema huwa anawaona watu wakikaa tu juu ya paa saa sita mchana, wakitazama ziwa, na ziwa haliendi popote. Akaburuta mapumziko hadi sifuri. Raundi ya pili ikaanza kabla ya ya kwanza kuhesabiwa, na mchezo ukagoma. Akajaribu tena, ukagoma tena, akagonga kibodi kwa kidole.

Orrin alitazama kutoka kitandani. Aliapa moyoni hatasema. Alivumilia mara ya tatu, akavumilia ya nne. Lakini mtindo ulikuwa wake, ameujenga sheria juu ya sheria, na ulikuwa unaharibiwa mbele ya macho yake na mtu asiyejua hata mahali pa kuanzia.

"Sifuri haikubali hivyo, bosi," alisema hatimaye. "Zima kwanza hesabu ya pointi. Halafu rudi kwenye mapumziko."

Pruitt alifanya hivyo, na ikakubali. Alimshukuru kwa dhati, akasema kina Tveit amewaheshimu sikuzote, mifupa kando. Raundi zikaanza kufuatana kama mabehewa, bila nafasi hata ya kupeleka kikombe mdomoni. Maki alisema kwa sauti ya chini kwamba kesho hawatakula, lakini kila mtu alikuwa anapigwa risasi.

Nels aliomba ageuzwe. Mgongo ulikuwa umeanza kumuwaka, na kwa kawaida huwa wanamgeuza wakati wa mapumziko, Rubén mabegani na Maki miguuni. Orrin alijaribu kuinuka, kamba ikamrudisha.

"Sawa, Nels," alisema Rubén bila kuondoa macho kwenye kioo. "Raundi hii ikiisha tu."

Raundi iliisha. Nyingine ilikuwa imekwisha anza.